Hukumu ya Kifo Kenya: Kilichoondolewa ni Ulazima, si Adhabu Yenyewe

Maombi mengi ya kupangiwa adhabu upya hutupiliwa mbali kwa sababu familia, na wakati mwingine hata mawakili, wanaamini kwamba Mahakama ya Juu ilifuta hukumu ya kifo. Haikuifuta. Tunalazimika kulirudia hili kwa sababu mfungwa anayeleta ombi lisilofaa hupoteza miezi mingi akingoja jibu ambalo lingejulikana siku ya kwanza.

Uamuzi wa tarehe 14 Desemba 2017 katika kesi ya Francis Karioko Muruatetu ulihusu kifungu cha 204 cha Kanuni ya Adhabu, yaani mauaji. Kabla yake, jaji akishamtia mtu hatiani hakuwa na hiari: ilikuwa lazima atoe hukumu ya kifo. Sasa husikiliza kwanza pande zote kuhusu adhabu, kisha anaweza kutoa kifungo cha miaka, cha maisha, au kifo. Hukumu za kifo zingali zinatolewa, na ni halali.

Hoja kwamba "mbona hakuna anayenyongwa" haibadilishi sheria. Ni kweli kitanzi cha gereza la Kamiti hakijatumika tangu 1987, waliponyongwa Hezekiah Ochuka na Pancras Oteyo Okumu kwa uhaini wa jaribio la mapinduzi la 1982. Rais Kibaki aliwabadilishia adhabu wafungwa zaidi ya 4,000 mwaka 2009, na Rais Kenyatta 2,747 mwaka 2016, wote kuwa kifungo cha maisha. Huo ni msamaha. Aliyehukumiwa siku iliyofuata haumhusu.

Tumewahi kuona adhabu hii ikipanuliwa kupita kiasi. Wakati wa Hali ya Hatari, yaani miaka ya vita vya Mau Mau, serikali ya kikoloni iliwanyonga Waafrika zaidi ya 1,000, wengi wao kwa makosa yasiyo ya kuua, kama kupatikana na risasi au kushirikiana na wapiganaji wa msituni. Baada ya uhuru tuliongeza wizi wa mabavu.

Na hapo ndipo penye utata mkubwa. Chini ya kifungu cha 296(2) cha Kanuni ya Adhabu, mnyang'anyi huingia kwenye adhabu ya kifo akiwa na silaha ya hatari, au akiwa na mwenzake hata mmoja, au akimjeruhi au kumpiga aliyeibiwa. Moja kati ya hayo linatosha. Vijana wawili wanaompora mtu simu kwa vitisho, bila kisu wala rungu, tayari wamo. Lakini katika maelekezo yake ya tarehe 6 Julai 2021, Mahakama ya Juu ilisema wazi kwamba uamuzi wa Muruatetu ni wa mauaji peke yake. Ombi la mfungwa wa wizi wa mabavu linaloegemea uamuzi huo halisimami, hata likiandikwa kwa ufasaha namna gani.

Kwa waliohukumiwa kwa mauaji, ombi hupelekwa Mahakama Kuu. Kama kuna rufaa katika Mahakama ya Rufaa, Mahakama Kuu haitalisikiliza hadi iridhike kwamba rufaa hiyo imeondolewa. Kuleta ombi huku rufaa ingalipo ndilo kosa tunalokutana nalo mara nyingi, na ni la kusikitisha, kwa kuwa linazuilika kwa notisi moja ya kuondoa rufaa. Fikirieni vizuri kabla ya kuiondoa: katika kupangiwa adhabu upya hatia haijadiliwi tena. Anayesimama kueleza kwamba hakuua anapoteza nafasi yake.

Mahakama itatazama umri, kama ni kosa la kwanza, kama alikiri, tabia na rekodi yake, kama alitenda kwa kujibu ukatili wa kijinsia, majuto, na uwezekano wa kurekebika. Itatazama pia namna marehemu alivyouawa na athari kwa familia yake. Familia hiyo ina haki ya kusikika, na waombaji husahau hilo. Leteni vyeti vya mafunzo ya gerezani. Leteni pia tarehe kamili ya kukamatwa, kwa sababu kifungu cha 333(2) cha Sheria ya Utaratibu wa Makosa ya Jinai kinataka muda wa mahabusu uzingatiwe.

Kwa wafungwa wa wizi wa mabavu, njia nyingine ni ombi kwa Kamati ya Ushauri kuhusu Msamaha wa Rais, chini ya kifungu cha 133 cha Katiba. Kufuta adhabu yenyewe ni kazi ya Bunge, na hakuhitaji kura ya maoni: kifungu cha 26(3) cha Katiba kinairuhusu sheria kuweka adhabu ya kifo, hakiilazimishi.