Je, wajua jinsi kibao kimoja cha mti kilivyobeba historia ya dola ya Waluba?

Kibao chenyewe kinaenea mkononi: urefu wa sentimita 20 hadi 25 hivi, upana kama 13, na kiuno kimebanwa katikati. Waluba wa kusini-mashariki mwa Kongo, nchi ya Kamina, Kabongo na mabonde ya Upemba, hukiita lukasa, yaani "mkono mrefu". Mtu wa pwani akisikia jina hilo huenda akamfikiria kasa, na kwa umbo hatakuwa amekosea sana. Mgongo wa kibao huchongwa mistari inayokatana kama gamba la kobe, kwa kuwa kobe ndiye alama ya Lolo Inang'ombe, mama mwanzilishi wa chama cha Mbudye, na Mbudye ndio waliokuwa na haki ya kukishika.

Upande wa mbele umejaa shanga za rangi na ukubwa tofauti, wakati mwingine na kauri, zikiwa zimebanwa kwa vijiti au pini nyembamba za chuma. Baadhi ya vibao vina vinundu na vichwa vya watu vilivyochongwa kwenye mti wenyewe. Herufi hakuna hata moja. Basi walisomaje humo orodha ya wafalme, safari za koo, mpangilio wa makao ya mfalme na haki ya kila mwenye cheo?

Ukitazama mikono ya msomaji utaanza kuelewa. Kibao kinalala kwenye mkono wa kushoto, na kidole cha shahada cha mkono wa kulia kinatembea juu yake, kikigusa ushanga mmoja baada ya mwingine huku mdomo ukisimulia au kuimba. Zipo kanuni chache ambazo wasomaji wote walizijua. Ushanga ulio peke yake ni mtu. Ushanga mkubwa uliozungukwa na vidogo ni mtawala na watu wake, au mahali alipokaa. Shanga zilizopangwa mstari ni njia: safari, uhamaji, barabara ya kuingia kwa mfalme. Rangi nayo inazungumza. Nyekundu humleta Nkongolo Mwamba, mtawala katili ambaye jina lake lenyewe ni upinde wa mvua. Nyeusi au buluu iliyokoza humleta Mbidi Kiluwe, mwindaji wa ukoo wa kifalme aliyetoka mashariki.

Tuchukue kisa kimoja tuone kidole kinavyofanya kazi. Kinaanzia kwenye ushanga mwekundu: Nkongolo anakula na kulewa hadharani bila haya. Kinahamia kwenye ule wa giza: Mbidi anafika, anakula kwa faragha kama mtu aliyelelewa kifalme, anazaa mtoto na dada yake Nkongolo, kisha anarudi kwao. Mtoto ni Kalala Ilunga, na umaarufu wake unamtia mjomba wivu. Hapo kidole kinapita mahali ambapo pangeonekana ni pambo tu: Nkongolo amechimba shimo, amelifunika kwa mkeka, na amemwalika mpwa wake aje kucheza ngoma juu yake. Mpiga ngoma anamwonya kwa midundo, Kalala anapima ardhi kabla ya kukanyaga, anagundua shimo na kukimbilia ng'ambo ya mto kwa baba yake. Kidole kinafuata mstari wa shanga, nao ndio njia ya kukimbia, na baadaye njia ya jeshi linalorudi. Nkongolo anakatwa kichwa, na ufalme mtakatifu, ule wa mulopwe, yaani mfalme wa Waluba, unaanzia kwa Kalala.

Kwenye mti hakuna sentensi hata moja ya kisa hicho. Kibao kinashika viungo vyake: nani kabla ya nani, nani karibu na nani, wapi njia inapinda. Nyama ya masimulizi inatoka kwa msomaji, na kwa hiyo ushanga uleule unaweza kuwa shujaa leo na ziwa kesho, kulingana na swali lililoletwa. Kama ni mgogoro wa cheo, anasoma uhusiano wa koo. Kama ni kumfundisha mwanachama mpya, anasoma miiko. Kuna hata vibao vya aina mbalimbali: lukasa lwa nkunda, ya njiwa, inahusu mashujaa wa mwanzo na kanuni za Mbudye, na lukasa lwa kabemba, ya mwewe, inahusu muundo wa ufalme wenyewe. Wasomaji wawili wakitofautiana juu ya kibao kimoja, tusikimbilie kusema mmoja kakosea. Kubishana kulikuwa sehemu ya kazi, na Mbudye walipewa heshima hiyo kwa sababu waliweza kumkumbusha mfalme mipaka yake.

Ujuzi huo ulipatikana kwa ngazi. Mwanachama aliingia kwa kufundishwa ngoma, nyimbo na miiko. Katika ngazi za juu aliingizwa katika nyumba yenye michoro ukutani, iitwayo lukala, iliyoonyesha maziwa, mito na makao ya watawala na mizimu. Kusoma lukasa kulikuja mwisho kabisa, na waliofika huko waliitwa bana balute, watu wa kumbukumbu. Mfalme mwenyewe alipofariki hakuachwa awe jina tu: mwanamke aliyeitwa Mwadi alipandwa na roho yake, akarithi alama zake na wahudumu wake, na makao yake yakaendelea kuwa mji wa roho, kitenta.

Udhaifu wa mfumo huu nao uko wazi. Ushanga ukidondoka, tundu lake hubaki na kidole bado kinaweza kulipata. Lakini bana balute wakifa kabla ya kufundisha, kibao kizima kinanyamaza, hata kama hakijapoteza ushanga mmoja. Lukasa zilizo katika makumbusho, kama ile ya Brooklyn Museum, zimepimwa na kupigwa picha, lakini picha haituambii ushanga upi ulikuwa nani siku kibao kiliposomwa mara ya mwisho. Wasomaji wa Mbudye walikuwepo bado miaka ya 1980, mtafiti Mary Nooter Roberts alipofanya kazi miongoni mwa Waluba, na matunda ya utafiti huo yaliingia katika maonyesho makubwa jijini New York mwaka 1996.

Kwa anayetaka kuhifadhi kisomo kama hicho, kipimo ni hiki: video ionyeshe kidole na kibao kwa karibu, sauti isikatwe hata pale msomaji anaporudia au kubishiwa, na pembeni iandikwe ni nani walikuwepo na swali gani liliwafanya wakisome kibao.