Je, wajua kwa nini maji ya Meru huchora meno, na ya Newala hayachori?

Mwalimu mmoja wa Arumeru, chini ya mlima Meru mkoani Arusha, alihamishiwa Newala mkoani Mtwara, na kabla hajapata nyumba ya kupanga alikuwa ameshapata jina. Wanafunzi walimwita Bwana Ugoro. Akicheka tu unaona: meno ya mbele yana michirizi ya rangi ya chai ya rangi, mengine yamekolea kahawia, na moja lina vishimo vidogo kama mbao iliyoliwa na bungua. Huku kwetu rangi hiyo ni ya watu wa tumbaku, kwa hiyo hukumu ilitoka bila kesi. Kumbe mwenyewe hajawahi kugusa hata kipisi cha sigara. Siku binti mmoja wa darasa la tano alipojikaza na kuuliza, "Shikamoo mwalimu, samahani, kwani utotoni ulikuwa hupigi mswaki?" alicheka mpaka akakaa.

"Marahaba. Nilipiga sana. Maji ndiyo yaliyonichora, nikiwa mdogo kuliko wewe."

Kwa watoto wa Newala hicho kilikuwa kitendawili, maana shida ya maji wanayoijua wao ni kwamba hayapo. Uwanda wa Makonde juu ni mchanga mtupu. Mvua ikinyesha, ardhi inayameza maji yote, nayo huja kutokea chini kabisa, kwenye chemchemi za bondeni. Huko ndiko bibi zetu walikoshuka na vyungu alfajiri, wakapanda tena ukingo kama ule wa Shimo la Mungu jua likiwa utosini. Hadi leo nyumba nyingi zina kisima cha kuvunia maji ya mvua. Paa la bati ndilo mto wao.

Kaskazini mambo ni kinyume. Maji ya Meru na Kilimanjaro yanakusanyika katika mto Kikuletwa na mwenzake Ruvu, yanaingia bwawa la Nyumba ya Mungu, kisha yanateremka kama mto Pangani mpaka Bahari ya Hindi. Kule juu milimani, mfereji unapita mbele ya mlango wa mtu, maji baridi, maangavu, kokoto za chini zinahesabika. Mtu wa kusini akifika pale anashangaa kusikia wenyeji wakilalamikia maji.

Kinachowasumbua hakionekani, hakinuki wala hakina ladha. Ni madini ya floraidi. Meru ni mlima wa volkano unaopita mita 4,500, na zamani sana ubavu wake wa mashariki uliporomoka, kifusi kikatandaa hadi kwenye eneo la maziwa ya Momella. Majivu na miamba ya volkano za ukanda ule ina floraidi nyingi. Mvua ikipita humo polepole, inatoka nayo.

Lakini hiyo ni nusu ya jibu, na nusu ya pili ndiyo tamu zaidi. Floraidi ina mpenzi wake, kalsiamu. Vikikutana kwa wingi vinashikana na kuwa chembe ngumu isiyoyeyuka, inabaki ardhini, maji yanapita salama. Miamba ya volkano za Meru na jirani zake ina sodiamu tele na kalsiamu haba, kwa hiyo floraidi inazurura majini bila wa kuishika. Sasa tazama pwani yetu. Kuanzia Kilwa hadi Mikindani unakanyaga matumbawe na chokaa, yaani kalsiamu tupu, na ni chokaa hiyohiyo iliyoleta kiwanda kikubwa cha saruji Mtwara. Volkano hatuna.

Kiwango kinachopendekezwa na Shirika la Afya Duniani ni kisizidi miligramu 1.5 kwa lita. Ukitaka kuona udogo wake, chukua simtanki la lita 1,000: gramu moja na nusu tu ya floraidi, haijazi hata kijiko cha chai, imetosha kulifikisha kikomo. Tanzania kwa miaka mingi iliruhusu hadi miligramu 4, kwa sababu inayoeleweka: kushika 1.5 kungemaanisha kufunga visima vingi vya kaskazini na kuwaachia watu ndoo tupu. Na kwenye mito na chemchemi za miteremko ya Meru zimewahi kupimwa makumi ya miligramu. Katika baadhi ya maziwa ya Momella ni mamia.

Jino nalo linachorwaje? Si kwa kupakwa rangi kutoka nje, kama wanafunzi walivyodhani. Gamba gumu la nje la jino hutengenezwa likiwa bado ndani ya ufizi, kuanzia uchanga hadi kama miaka minane. Floraidi ikizidi katika miaka hiyo, kazi inaharibika: gamba linakomaa likiwa na vitundu vidogo visivyoonekana. Jino huota jeupe la chokaa, lisilong'aa. Baadaye chai, vyakula na kila kinachopita mdomoni vinaingia kwenye vile vitundu, na kahawia inakolea mwaka hadi mwaka. Ndiyo maana mtu wa Masasi aliyehamia Arusha akiwa na miaka 30 atakunywa maji yaleyale na meno yake hayatabadilika. Asishangilie mapema, hata hivyo, maana mifupa haina umri wa kufunga mlango: floraidi nyingi kwa miaka mingi hukaza viungo na mgongo, na watoto wengine wa maeneo yaliyozidiwa miguu yao hupinda.

(Dawa ya meno dukani imeandikwa ina floraidi, ndiyo. Kidogo hulinda jino. Ni kama chumvi kwenye mchuzi.)

Hapa ndipo mazoea yetu yote kuhusu maji yanapopigwa chenga. Sisi tumelelewa kuogopa tope. Mto Lukuledi ukishuka mwekundu wakati wa mvua, tunayaacha maji yatulie, wengine wanatia unga wa mbegu za mlonge ili tope lizame, kisha tunachemsha. Ni akili nzuri, na kwa vijidudu vya kipindupindu inafanya kazi. Kwenye miteremko ya Meru, mvua inapochafua kijito, mara nyingi ndipo floraidi inaposhuka, kwa kuwa maji ya juu yameyazimua yale ya ardhini. Kiangazi kikikolea, kijito kikibaki kinalishwa na chemchemi peke yake, maji yanakuwa maangavu na floraidi inapanda. Na kuchemsha? Mvuke unaondoka, floraidi inabaki sufuriani. Ukichemsha sana umeikoleza. Klorini haiigusi, kitambaa hakiichuji.

Bonde la Pangani lina uchafu wa mkono wa mtu pia. Chini kule kwenye mashamba ya mkonge, jani likikamuliwa, nyuzi ni sehemu ndogo sana. Zaidi ya asilimia 90 ni majimaji na makapi. Yakimwagwa mtoni, bakteria wanayashambulia na kuimaliza oksijeni, samaki wanaelea. Wazee wa Lindi waliofanya kazi kwenye mkonge wanaikumbuka harufu hiyo bila kuelezwa. Lakini uchafu wa namna hiyo una mwenyewe, anaweza kuambiwa achimbe mabwawa ya kutulizia majitaka, na mto ukiachwa upumue unajisafisha kwa mwendo wake. Mlima Meru utauandikia barua ya onyo?

Walichokipata kaskazini ni ujanja ambao mimi naupenda kuliko sehemu nyingine yote ya habari hii. Kama floraidi inapenda mifupa, basi ipewe mifupa mingine kabla haijafika kwa mtoto. Kituo cha utafiti cha Ngurdoto, kilomita chache kutoka mji mdogo uitwao Maji ya Chai kule Arumeru, kimefanya kazi miaka mingi na mkaa wa mifupa: mifupa ya ng'ombe inachomwa kwenye tanuri lenye hewa kidogo, inasagwa iwe chenga nyeusi, inawekwa kwenye ndoo ya chujio. Maji yakipita, floraidi inang'ang'ania kwenye ile kalsiamu ya mfupa. Moto ukiwa mdogo, maji yanatoka na harufu ya supu. Ukizidi, mfupa unakuwa mweupe na unapoteza nguvu. Na baada ya muda mkaa unashiba, lazima ubadilishwe; asiyebadilisha anachuja kwa imani tu.

Mwalimu alipolieleza hili barazani jioni moja, swali la kwanza lilikuwa la Mtwara hasa: "Mifupa ya mnyama gani?" Ng'ombe, akajibu, na baraza likatulia.

Wala sisi tusijione tumenusurika kwa ujanja. Deni la ardhi yetu ni chumvi. Kwenye visima vya pwani maji matamu yanaelea juu ya maji ya bahari, kama mafuta juu ya mchuzi, na hesabu yake ni ya kikatili: usawa wa maji matamu ukishuka mita moja kwa kuvutwa kwa pampu, chumvi ya chini inaweza kupanda kama mita 40. Anayechimba kirefu zaidi ili apate maji mengi ndiye anayeifuata chumvi ilipo.

Tena floraidi ya kaskazini ina njia ya kusafiri bila mto. Katika vijiji vingine vya Kilimanjaro ambako maji yalipimwa yakaonekana mazuri, meno ya watoto yalikutwa na kahawia ileile, na kidole kikanyooshewa magadi, yale mawe ya kijivu ya kulainishia maharage. Magadi hukusanywa kwenye maziwa na ardhi ya chumvichumvi ya ukanda uleule wa volkano, na mengine hubeba floraidi nyingi. Nayo huuzwa kwa mafungu kwenye masoko ya nchi nzima.

Watoto wawili wa kwanza wa mwalimu walizaliwa Arumeru, na wakicheka unajua baba yao ni nani. Wa mwisho amezaliwa Newala, ana miaka tisa, amelelewa kwa maji ya bati. Meno yake ya mbele yameota meupe, yanang'aa. Kila anayekuja kutoka nyumbani kwao Meru humletea mama wa mtoto huyo kifurushi cha magadi, naye hupokea kwa mikono miwili, hushukuru, kisha huyaficha stoo. Siku ya makande, mahindi na kunde hulowekwa tangu usiku, na sufuria hupanda jikoni kabla jogoo hajawika.