Kava la AC si kizibo cha soda

"Usifungue kava, gesi itatoka." Nimeisikia tena, na safari hii nimechoka. Kuna na dada yake, anayeniudhi zaidi kwa sababu hutoka midomoni mwa mafundi wenyewe: "Kava lilifunguliwa, ndiyo maana gesi imeisha. Tuongeze."

Kava la mashine ya ndani, ile ya ukutani, ni plastiki. Linabeba paneli, linaongoza hewa, linaficha yaliyomo. Basi. Gesi imo ndani ya bomba za shaba, kutoka kompresa (pampu ya gesi kwenye mashine ya nje) hadi koili (bomba zenye mapezi zinazopoza hewa) na kurudi, na viungo vyake vimelehemiwa au kukazwa kwa nati. R32, mojawapo ya gesi za AC, ikiwa imetulia kwenye nyuzi 25 ina presha inayokaribia mara 17 ya hewa tunayovuta. Hebu fikiria presha hiyo ikizuiwa na klipu tatu za plastiki. Kava lingekuwa limeshampiga mtu usoni zamani.

Kazi yenyewe haina maajabu. Zima kwenye breka, si kwa rimoti; rimoti inailaza tu mashine, umeme bado umo kwenye bodi, yaani ubao wa elektroniki unaoiongoza. Inua paneli ya mbele, toa filta, chomoa paneli kwenye bawaba zake. Flapu ya hewa huanza kuachia katikati: sukuma pini, ikunje kidogo, ndipo ncha zitoke. Skrubu ziko pale chini flapu ilipokuwa, zimefunikwa na vizibo vidogo ambavyo huchokonolewa kwa bisibisi bapa nyembamba. Mara nyingi ni mbili au tatu, ila zipo mashine zenye tano, na moja hupenda kujificha upande wa kulia karibu na kisanduku cha umeme. Kava likigoma, usigombane nalo. Kuna skrubu hujaiona.

Likishaachia chini, livute kuja kwako kiasi cha vidole viwili vitatu, kisha nenda kwenye ndoano za juu. Vitabu vya maelekezo huandika "achia ndoano" kana kwamba zote zimezaliwa tumbo moja. Nyingine hutaka kubonyezwa kwa juu, nyingine hutaka kava linyanyuliwe tu. AC ikiwa imebanwa na dari huoni kitu, unapapasa. Na nikiri jambo ambalo vitabu haviandiki: plastiki iliyokwisha kuwa ya manjano huvunja klipu hata kwa mzoefu, na kwa kawaida kava hukaa vizuri tu hata likikosa moja. Kabla ya kuliweka chini, angalia waya wa kipokezi cha rimoti. Shika plagi, usivute waya. Plagi hiyo ikisahaulika wakati wa kurudisha, AC haisikii rimoti, na hapo hapo utaambiwa bodi imeungua.

Sasa tuje kwenye kiini cha uzushi huu, maana hauna mzazi mmoja tu. Watu hawadanganyi wanaposema AC ilifunguliwa, ikafungwa, ikaacha kupoza. Inatokea kweli. Ila kilichotoka si gesi, ni sensa, yaani kipimajoto kidogo cha ndani.

Ndani kuna sensa mbili. Ya kwanza inapima hewa ya chumba: tone dogo kwenye ncha ya waya mbili nyembamba, limepachikwa kwenye kishikizo cha plastiki mbele ya koili, mara nyingi upande wa kulia. Kava likipita hapo kwa pupa linaing'oa, au fundi anaitoa asafishe kisha anaiacha ining'inie. Ikiegemea mapezi ya koili yaliyopoa, inaiambia bodi kwamba chumba kiko nyuzi 12. Bodi inatii: kompresa inazimwa au inapunguzwa mwendo. Mwenye nyumba anaona feni inazunguka, baridi hakuna, kompresa inawaka dakika chache na kulala. Anaitwa mtu wa gesi.

Ya pili ina kofia ya shaba na huchomekwa kwenye kijibomba kilicholehemiwa kwenye koili, ikishikwa na kibanio chembamba cha chuma. Hii ndiyo kichekesho chenyewe. Mashine nyingi hutambua upungufu wa gesi kwa kuangalia kama koili imepoa baada ya kompresa kufanya kazi kwa muda. Sensa ikiwa nje ya kijibomba inapima hewa ya kawaida, koili "haijapoa", na kioo kinaandika kosa la gesi kuvuja. Yaani mashine yenyewe inatoa ushahidi wa uongo, na fundi anasoma hukumu bila kukagua! Chomeka sensa mpaka mwisho, rudisha kibanio, washa upya. Ukiwa na mita ya kupimia ukinzani wa umeme, ipime: nyingi husoma kiloomu 5, 10 au 15 kwenye nyuzi 25, na namba hushuka ukiifumbata kiganjani.

Lakini nisiwe kichwa ngumu. Zipo njia mbili za kumwaga gesi huku ukidhani unatoa kava. Chini ya AC nyingi kuna alama mbili za mshale au nukta. Hizo si za kava. Ni za kuachia mashine nzima kutoka kwenye bati la ukutani. Ukizibonyeza na kuvuta kwa nguvu unapinda bomba za shaba nyuma na kulegeza nati. Bisibisi ikiteleza na kutoboa koili, vilevile. Hapo utaisikia gesi ikilia.

Ukirudisha, anza na ndoano za juu, hakikisha hakuna waya uliobanwa, kisha skrubu, na usizikaze kama za gurudumu. Zinaingia kwenye plastiki. Kama kuna haja ya kutoa kava kila mara unaposafisha, sisi mafundi wenyewe hatukubaliani. Filta na mapezi ya mbele hayahitaji. Mimi nalitoa feni ya pipa, ile ndefu inayosukuma hewa, ikiwa imevaa ukungu au trei ya maji ikiwa na utelezi, kwa sababu povu la dawa linalopulizwa kwa juu sijawahi kuliamini kwamba linafika huko.

Washa, subiri dakika 15, pima joto la hewa inayoingia juu na inayotoka chini. Tofauti ya nyuzi 8 hadi 12 inatosha. Na anayesisitiza kuongeza gesi, mwambie aje na mizani: kiasi kimeandikwa kwa gramu kwenye lebo ya mashine ya nje.