Je, wajua nani hujenga vinundu kwenye majani ya porini?

Mvua za mwezi wa tisa zikirudi Bukavu, vichaka kwenye miteremko ya Ziwa Kivu huchipua upya. Haichukui muda, watoto huleta nyumbani majani yenye vinundu vigumu kama punje za mtama na kuuliza: jani hili linaumwa?

Chukua wembe, ukate kinundu kimoja katikati, polepole. Ukikuta chumba kidogo na ndani yake buu la rangi ya machungwa, lisilo na miguu wala kichwa cha kuonekana, umefika kwa usubi wa vinundu. Kidudu chenye miguu na macho ni mpangaji mwingine. Na kama huoni kitu ila manyoya-manyoya chini ya jani, hiyo huwa kazi ya utitiri, ambao jicho haliwaoni.

Usubi huyu si yule anayetung'ata jioni. Ni wa familia ya Cecidomyiidae, yenye zaidi ya aina 6,000 zinazojulikana, na urefu wake ni milimita chache tu. Akishakomaa huishi siku chache: hupandana, hutaga, hufa. Mama hajengi chochote. Huacha mayai kwenye chipukizi au jani changa, basi.

Mjenzi ni mmea wenyewe. Buu likianza kula hutia mate, na mate hayo hubadilisha ukuaji wa seli zilizo karibu: nje hufanyika ukuta mgumu, ndani tabaka laini lenye lishe. Ndiyo maana mama huchagua jani changa, kwa kuwa seli zake bado zinagawanyika. Jani lililokomaa halisikii tena amri hiyo. Kinachonishangaza kila mara ni umbo. Nyama ya kinundu ni ya mmea, lakini ramani ni ya mdudu, hata mtaalamu mara nyingi humtambua usubi kwa kutazama nyumba yake tu. Usubi wengine, kama jamii ya Asphondylia, huja na mbegu za kuvu, na kuvu huota ndani ya kinundu kama bitana ya ukuta.

Aliyechunguzwa sana Afrika ni Orseolia oryzivora, anayeshambulia mpunga. Mpaka 1982 alidhaniwa kuwa ni yule yule usubi wa mpunga wa Asia. Yai huanguliwa baada ya siku 2 hadi 5, buu huteremka kati ya maganda ya majani hadi penye kiini cha ukuaji, na chipukizi hugeuka mrija mweupe kama jani la kitunguu, usiotoa suke kamwe. Mpunga ukishavunwa, usubi hujihifadhi kwenye mpunga-mwitu, Oryza longistaminata.

Sisi tunaonunua mchele wa bonde la Ruzizi tumjue na ndugu yake, Orseolia bonzii. Huyu hukaa kwenye nyasi ya Paspalum scrobiculatum na mpunga haugusi. Lakini nyigu wadogo Platygaster diplosisae na Aprostocetus procerae huwala wote wawili. Kwa hiyo mkulima anayefyeka nyasi hiyo yote kandokando ya shamba huondoa pia mahali wanapolelewa nyigu ambao wangemlindia mpunga wake. Naona ni hasara kubwa kuiita magugu tu.

Buu likishiba, aina nyingine huanguka na kujizika udongoni. Nyingine hugeuka pupa, hatua ya kati ya buu na mdudu kamili, humo humo ndani. Mtoto akikuletea kinundu kilichotobolewa, tazameni tundu pamoja. Ngozi tupu, nyembamba kama ya kitunguu, ikining'inia mlangoni, usubi ametoka salama. Tundu dogo la mviringo lisilo na ngozi, mara nyingi aliyetoka ni nyigu, na usubi aliliwa zamani.