Danny Trejo: adui wa kwenye mikanda na hadithi anazozushiwa

Waliokulia kwenye vibanda umiza walimjua kwa sura kabla ya kumjua kwa jina. Masharubu yanayoning'inia, uso wenye makovu, kifuani mchoro mkubwa wa mwanamke aliyevaa kofia pana ya Kimeksiko. Akitokea tu, watazamaji wanajua huyu ni adui na mwisho wa picha hatafika. Steringi hafi, lakini Danny Trejo hufa karibu kila mara. Kwenye Heat ya mwaka 1995 anapigwa risasi. Kwenye Anaconda ya 1997 anakufa katika tukio la kwanza kabisa. Kwenye tamthilia ya Breaking Bad kichwa chake kinaletwa kimewekwa juu ya mgongo wa kobe.

Mwigizaji wa namna hiyo, anayepewa dakika zake chache kisha anaondoka, huwaachia watazamaji kazi ya kujijazia mengine. Nao wamejaza. Mengi wanayoyasema yana chembe ya ukweli ndani yake, ndiyo maana kuyafuta ni kazi.

"Ni Mmeksiko aliyehamia Marekani"

Alizaliwa Los Angeles, tarehe 16 Mei 1944, akakulia Pacoima, kaskazini mwa jiji hilo hilo. Asili ya ukoo wake ni Meksiko, na yeye hujiita Chicano, yaani Mmarekani mwenye asili hiyo. Hapa hakuna zaidi.

"Hollywood ndiyo iliyomtoa jela na kumwachisha unga"

Hii ndiyo hadithi inayopendwa kuliko zote, na ndiyo iliyopinda kuliko zote. Inasimuliwa hivi: jambazi alitoka gerezani, akabahatika kuonwa na watu wa filamu, maisha yakanyooka. Ukiifuata kwa miaka yake, haisimami.

Heroini aliionja akiwa na miaka 12, na aliyemwonjesha alikuwa baba yake mdogo, Gilbert. Miaka ya 1960 karibu yote ilimpitia ndani ya magereza ya California: San Quentin, Folsom, Soledad. San Quentin alikuwa bingwa wa ndondi wa gereza, uzito mwepesi na uzito wa welta, na huko huko ndiko alikoanza kuchorwa yule mwanamke wa kifuani. Mei 1968, Soledad, zilizuka vurugu siku ya Cinco de Mayo, sikukuu ya Wameksiko. Yeye na wenzake wakafungiwa kwenye seli za upweke, wakisubiri mashtaka ambayo adhabu yake ingeweza kuwa kifo.

Mwenyewe amesimulia mara nyingi alichoahidi mle ndani. Alimwomba Mungu amjalie kufa kwa heshima, naye kila siku atalitaja jina lake na kuwasaidia wafungwa wenzake. Alisema wafungwa kwa sababu hakutarajia kamwe kuwa tena na wenzake wa aina nyingine. Mashtaka yakaanguka. Agosti 1968 akaacha dawa za kulevya na pombe, akiwa bado mfungwa, na mwaka 1969 akatoka.

Sasa angalia pengo hili. Filamu yake ya kwanza, Runaway Train, ni ya mwaka 1985. Katikati hapo kuna miaka kumi na sita ambayo wasimuliaji wengi huiruka, pengine kwa sababu haina kamera. Ndiyo miaka aliyofanya kazi ya ushauri nasaha kwa watu wanaojaribu kuacha dawa za kulevya: kupokea simu usiku, kumfuata mtu aliko, kukaa naye mpaka hamu ipite. Na ni kazi hiyo iliyomfikisha kwenye filamu. Kijana mmoja ambaye Trejo alikuwa akimsaidia alipata kibarua pale ilipokuwa ikipigwa Runaway Train, akakuta kokeini imetapakaa, akampigia simu aje akae naye asije akaanguka. Trejo akaenda kama mshauri.

Pale walikuwa wanatafuta watu wa kujaza gereza la kwenye filamu. Wakamuuliza kama anaweza kujifanya mfungwa, swali lililomchekesha. Alipovua shati, mwandishi Edward Bunker akautambua mchoro. Bunker mwenyewe alikuwa amefungwa San Quentin na aliwahi kumwona Trejo akipigana ulingoni. Akamwambia kwamba mwigizaji Eric Roberts anahitaji mtu wa kumfundisha ndondi, malipo ni dola 320 kwa siku. Wa kujazia walikuwa wakilipwa dola 50. Trejo husimulia kwamba kwa fedha ile alidhani anatakiwa kumuumiza mtu, akauliza aumizwe kiasi gani. Mwongozaji, Andrei Konchalovsky, alipoona Roberts anavyomtii mwalimu wake, akampa Trejo nafasi ya bondia mpinzani.

Kwa hiyo siku anasimama mbele ya kamera mara ya kwanza, ana miaka zaidi ya kumi na sita bila kugusa unga wala pombe. Kuacha ndiko kulikotangulia, filamu zikafuata. Kinachoniudhi kwenye hadithi ya kawaida ni kwamba sifa ya kazi ngumu iliyofanywa seli na mitaani inakabidhiwa watengeneza filamu, waliomkuta tayari amesimama.

"Haigizi, ni yeye mwenyewe"

Hili lina ukweli zaidi, na Trejo mwenyewe huchochea kuni. Alipoulizwa kama haoni anafungiwa kwenye uhusika wa Chicano mkali mwenye michoro mwilini, jibu lake lilikuwa kwamba Chicano mkali mwenye michoro ndiye yeye. Miaka ya mwanzo alipewa uhusika usio na hata jina, mfungwa namba moja na kadhalika. Kwenye Heat, mhusika wake anaitwa Trejo tu.

Lakini California imejaa watu waliowahi kufungwa. Kama kilichotakiwa kingekuwa sura na historia peke yake, tungewajua mamia. Itazame Desperado, ya mwaka huo huo wa 1995. Muuaji anayemcheza, Navajas, hatamki neno hata moja tangu anaingia mpaka anakufa, na bado ukimaliza picha ndiye unayemkumbuka, kwa namna anavyotembea na anavyochomoa visu vyake bila haraka. Kutulia mbele ya kamera kiasi hicho ni ufundi. Wengi waliosomea wanaushindwa. Kisha njoo Spy Kids ya 2001, filamu ya watoto. Uso ule ule, safari hii ni fundi wa vifaa vya kijasusi, ndugu wa baba yao wale watoto wa kwenye picha, na watoto wanampenda. Kama angekuwa anajicheza mwenyewe tu, asingeweza kuwa wote wawili.

"Machete ndiyo iliyomtoa, tena kwa undugu na mwongozaji"

Ni kweli yeye na Robert Rodriguez, mwongozaji wa Desperado na Machete, ni ndugu, binamu wa mbali. Ila waligundua hivyo wakiwa tayari wanaipiga Desperado, kazi alikuwa ameshaipata. Machete yenyewe ilianza kama trela ya uongo ndani ya filamu ya Grindhouse mwaka 2007, filamu kamili ikaja 2010. Trejo alikuwa na miaka 66 na robo karne kazini. Jina lake kutangulia kwenye bango la filamu kubwa kulimjia kwenye umri ambao wengine wanastaafu.

"Zile rukaruka anazifanya mwenyewe"

Hapana, na haoni aibu kulisema. Wapo watu waliosomea kuanguka, na anawaachia kazi yao. Hoja yake ni kwamba akivunjika mguu yeye, kazi inasimama na watu kadhaa wanakosa riziki, kwa ajili tu ya nyota kupata cha kujisifia kwenye mahojiano.

"Alimwokoa mtoto peke yake"

Agosti 2019, eneo la Sylmar, Los Angeles, gari lilipinduka mtoto akiwa amefungwa kwenye kiti chake ndani. Mitandaoni tukio likageuzwa filamu, na Trejo akawa steringi. Kilichotokea ni kwamba alitambaa kuingia ndani ya gari lakini mkanda wa kiti ukamshinda kuufungua kutoka upande aliokuwa. Aliyeufungua ni mwanamke kijana aliyekuwa akipita, kutoka upande wa pili, wakamtoa mtoto pamoja. Kisha Trejo akabaki na yule mtoto, akimchezesha kwa kumwonyesha misuli ili asitazame yanayoendelea, wakati bibi wa mtoto huyo akitolewa garini. Alipoulizwa na waandishi wa habari, Trejo mwenyewe ndiye aliyemtaja yule mwanamke.