Je, wajua kwa nini konokono mdogo wa Ziwa Victoria ana damu nyekundu?

Ukifika Dunga, pale Kisumu, siku ambayo upepo umeyasukuma magugu maji hadi zilipo boti za wavuvi, vuta gugu moja kwa kijiti uligeuze. Kwenye mizizi yake myeusi utaona vitu vidogo kama vifungo vya shati, bapa, vimejikunja mfano wa kamba iliyozungushwa mahali pamoja. Hao ni konokono. Jina lao la kisayansi ni Biomphalaria sudanica, na kwa kawaida upana wao hauzidi sentimita moja na nusu. Gamba huwa limeganda tope na mwani, ndiyo maana watu huwapita bila kuwaona. Lakini gamba hilo likipasuka, kinachotoka ni chekundu.

Konokono wengi, wa baharini na wa shambani, hawako hivyo. Damu yao husafirisha oksijeni kwa kutumia shaba, nayo hugeuka samawati ikikutana na hewa. Huyu wa kwetu ana himoglobini yenye chuma, jamaa wa ile inayoifanya damu ya binadamu iwe nyekundu. Tofauti ni kwamba yetu imehifadhiwa ndani ya chembe za damu, ilhali yake imeyeyuka moja kwa moja katika majimaji ya damu, na molekuli yake moja ni kubwa kuliko yetu zaidi ya mara 20.

Mdudu mdogo hivi anaitakia nini damu ya aina hiyo? Jibu liko pale pale ulipomtoa. Chini ya zulia la magugu maji, mwanga haupenyi na mawimbi hayafiki kuyachanganya maji na hewa. Majani yaliyokufa huoza humo, na kuoza huimaliza oksijeni. Himoglobini ya konokono huyu huinasa oksijeni hata ikiwa imebaki kidogo mno. Isitoshe, hana matamvua kama ya samaki. Ana pafu. Hupanda hadi juu, akafungua kitundu pembeni mwa mwili, akavuta hewa, kisha akashuka tena kulamba mwani kwenye mashina. Hewa hiyo humsaidia pia kuelea.

Kwa hiyo pwani iliyotulia, yenye mafunjo na matope, ndiyo nyumbani kwake. Anaye ndugu, Biomphalaria choanomphala, anayeweza kuishi kwenye vina virefu zaidi vya ziwa, lakini huyu wa mafunjo hushikamana na ukingo. Magugu maji, ambayo asili yake ni Amerika Kusini, yalipotapakaa Ziwa Victoria kuanzia karibu mwaka 1990, yalimpa kitu kipya: makao yanayosafiri. Upepo ukibadilika katika Ghuba ya Winam, kisiwa kizima cha magugu huhama na konokono wake. Na hahitaji kuwa na mwenzi ili aanze ukoo anakofika, kwa sababu kila mmoja ana sehemu za kiume na za kike, na akikosa mwenzake anaweza kujirutubisha mwenyewe. Mayai huyabandika chini ya jani katika utando laini kama ute, yakaanguliwa baada ya siku chache.

Maadui anao. Samaki aitwaye kamongo humla. Kuna pia samaki mmoja wa aina ya fulu, Astatoreochromis alluaudi, mwenye meno ya kusagia kooni, ambaye alijaribiwa nchini Kenya katika mabwawa ili apunguze konokono. Mimi humwona fulu huyo kuwa wa ajabu kuliko wote, kwa kuwa akilelewa kwa chakula laini tangu udogoni, taya zake za kooni huwa nyembamba, hazifikii unene wa wale wanaokua wakipasua magamba.

Jitihada hizo zina sababu yake, nayo ni ugonjwa wa kichocho. Mayai ya minyoo wa kichocho cha tumbo hufika ziwani kwa kinyesi cha mtu aliyeambukizwa. Yakigusa maji, hutoka kijidudu kinachoogelea kumtafuta konokono huyu, na kisipompata ndani ya saa chache hufa. Kikimpata, hujipenyeza mwilini mwake na kuzaana humo kwa mwezi mmoja hivi. Kisha konokono huanza kumwaga majini viluwiluwi wenye mkia uliogawanyika nchani, mamia na hata maelfu kwa siku, hasa jua linapokuwa kali, kuanzia asubuhi ya saa nne hivi hadi adhuhuri na baada yake. Ni saa zile zile ambazo watoto wanaogelea na akina mama wanafua, wakiwa wamesimama hadi magotini. Kiluwiluwi hupita kwenye ngozi nzima isiyo na jeraha lolote, kwa dakika chache tu. Asipompata mtu, hadumu zaidi ya siku moja au mbili, na ndiyo maana maji ya ziwa yaliyochotwa bila konokono, yakakaa kwenye pipa siku mbili kamili, huwa salama kuogea kwa upande wa kichocho.

Konokono mwenyewe hapati chochote katika mambo haya. Aliyeambukizwa huacha kutaga, kwa kuwa minyoo huila ile akiba ambayo ingetengeneza mayai. Kwa nje hutagundua tofauti. Bado analamba mwani, bado anapanda juu kuvuta hewa, na damu yake nyekundu inazunguka ikiwapelekea chakula minyoo ambao kesho, jua likipanda, watamtoka kwa wingi.