Maya Deren, mtengenezaji wa filamu za majaribio nchini Marekani: yanayodhaniwa kuhusu filamu zake, na ukweli wenyewe

Dhana: Wanawake wenye sura moja walioketi pamoja mezani katika *Meshes of the Afternoon* (1943) waliunganishwa katika maabara ya filamu baada ya kupigwa.

Ni kazi ya kamera. Deren na mumewe, Alexander Hammid, walipiga filamu hiyo nyumbani kwao Los Angeles kwa kamera ya Bolex ya mkanda wa milimita 16. Hila hii inawezekana kwa kamera yoyote inayorudisha mkanda nyuma. Funga kamera barabara kwenye stendi yake ya miguu mitatu. Ziba upande mmoja wa lenzi kwa kadi nyeusi, mpige mwigizaji akiwa upande ulio wazi, kisha ziba lenzi yote na urudishe mkanda kwa idadi ileile ya fremu. Sasa ziba upande uliokwisha kupigwa, mwigizaji ahamie kiti kingine, upige tena. Pande mbili zikipandana, hutokea mstari mwangavu kwenye kiungo. Zikiachana, mstari mweusi. Mkono ukivuka mpaka hukatika. Jua likisogea kati ya pigo la kwanza na la pili, ukuta mmoja huonekana wa rangi mbili, na hapo kila kitu kimefichuka.

Dhana: Mwanamke wa *Meshes* ni Deren akisimulia maisha yake.

Hapa ndipo wengi hupotea, na kosa hili linaidhulumu kazi yake. Alizaliwa Kyiv mwaka 1917 akiitwa Eleonora Derenkowsky. Hata jina Maya alilichukua ukubwani. Alipoandika kuhusu ibada, alisisitiza kwamba ndani yake mtu huvuliwa ubinafsi na kuwa sehemu ya jambo kubwa kuliko yeye. Itazame *Ritual in Transfigured Time* (1946): Deren na Rita Christiani, mchezaji densi mzaliwa wa Trinidad, wanapokezana nafasi ya mhusika mmoja. Miili ni miwili, nafsi moja. Ukitaka kujaribu mbinu hiyo, kata katikati ya tendo, wakati mguu bado uko hewani. Mwili wa pili uwe na kasi ileile na uelekee upande uleule wa fremu, la sivyo mtazamaji ataona watu wawili tu.

Dhana: Katika filamu ya densi alimrekodi mchezaji tu.

Katika *A Study in Choreography for Camera* (1945), mchezaji densi Talley Beatty anainua mguu msituni na kuushusha ndani ya chumba. Mruko wake wa mwisho umeungwa kwa vipande kadhaa, kwa hiyo anakaa hewani muda ambao hakuna mwili unaoweza. Densi hiyo haichezeki jukwaani. Ipo kwenye mkanda peke yake.

Dhana: Muziki wa *Meshes* ni wa 1943.

Filamu ilikuwa bubu. Mtunzi Teiji Ito aliutunga muziki huo mwaka 1959. Itazame kwanza ukiwa umezima sauti, uone mapigo ya uhariri yanavyojitegemea.

Dhana: *Divine Horsemen*, kuhusu ibada za Vodou za Haiti, ni filamu aliyoikamilisha mwenyewe.

Kitabu chenye jina hilo, ndiyo, kilitoka mwaka 1953. Lakini picha za filamu alizozipiga Haiti kuanzia 1947 hakuwahi kuzikamilisha kuwa filamu; alifariki mwaka 1961. Waliozipanga kuwa filamu ni Teiji Ito na Cherel Winett Ito.